Zamu ya Saa Tisa

Karatasi ya kamati imeandika: Alhamisi,
saa tisa usiku hadi kumi na moja, Ndeskoi.
Basi mimi huyu, Shimbwe juu, jembe begani,
sweta juu ya sweta, kitenge juu ya yote,
nayasubiri maji, nayo hayana haraka.
Septemba hii mfongo wetu unakohoa tu.

Zamani nilikuwa nasinzia juu ya ndoo.
Sasa nina daftari la Eliakunda, la jiografia,
zile kurasa za nyuma ambako mwalimu hakufika,
na penseli aliyoitafuna kichwa.
"Mama," aliniambia, "si kazi ngumu.
Nyota hukonyeza. Sayari hukodoa."

Nikainua shingo kumtafuta anayekodoa.

Wa kwanza hakunisumbua. Mweupe, mnene,
ameketi karibu na Kilimia
kama tajiri kati ya watoto wa jirani.
Mshtarii, nikaandika.

Wa pili alileta ugomvi.
Mashariki wekundu walikuwa wawili,
mmoja upande wa kanisa, mmoja upande wa msesewe.
Nikafumba jicho la kushoto, nikahesabu hadi hamsini.
Wa kanisani alipepesa kama aliyeingiwa na vumbi.
Wa msesewe aliniangalia tu,
kama mtu ninayedaiwa naye.
Huyo ndiye Mirihi. Nikapima kati yao:
ngumi moja na nusu, mkono umenyooshwa.
Alhamisi ya nne zikawa ngumi mbili.
Anga zima lilikuwa limesogea pamoja, kama ng'ombe wa boma moja;
yeye alikuwa na safari yake.

Anaeli, mwenye zamu baada yangu,
huja mapema kulinda asiibiwe hata kikombe.
"Ile ni ndege," akasema, "inatua KIA."
Ndege gani, Anaeli, inatua mwezi mzima?
Akatema mate, akakaa. Lakini alikuwa anaangalia.

Wa tatu yuko magharibi, manjano ya uji uliopoa,
na shida yake ni jina.
Kitabu cha Eliakunda kinamwita Sarateni.
Kamusi ya marehemu baba inamwita Zohali,
na Zohali, kile kitabu kimempa mwingine
asiyeonekana kwa macho makavu.
Nimeandika yote mawili.
Hata mimi, kwenye karatasi ya kamati ni Ndeskoi,
benki ni jina la ubatizo nisilolizoea,
na nikiitwa Mama Kaanaeli ndipo nageuka.

Kisha kuna hizi zisizo daftarini:
mstari wa nuru ndogo ukitambaa kifuani pa Kibo.
Wageni na taa zao za kichwani,
wametoka kambi ya Barafu tangu saa sita.
Mojawapo ni Kaanaeli wangu.
Aliondoka Jumapili na glavu za kuazima,
taa yake ya manjano, betri za Mbuyuni
ambazo nilimwambia asinunue.

Nimejaribu kanuni. Zinakonyeza zote.
Nimefumba jicho la kushoto, nimehesabu hamsini,
nikaendelea hadi mia mbili.
Zinasogea zote.
Nikanyoosha mkono: kidole changu kimoja
kinawafunika wote, na mwanangu ndani yake.
Nikakiondoa haraka.

"Maji," akasema Anaeli.

Yamefika kwa kunong'ona, na majani, na kopo la rangi.
Nikakata tuta la kwanza.
Mshtarii alikuwa ameanguka mle mferejini
na anatetemeka kama nyota yoyote.
Hilo sikujua nilichore wapi.
Migomba ilikuwa inasubiri, haina habari na daftari.

Nilipogeuka tena kuelekea mlimani
moja ilikuwa imebaki nyuma ya wenzake, imesimama.
Ya manjano. Au ni macho yangu.
Nikafuta tope kwenye kidole,
nikaweka nukta.